Wimbo Ukivuka Ziwa, Nini Kinabaki Gatini?

Haya ndiyo niliyozungumza Jumamosi asubuhi na walimu wa kwaya, walimu wa madrasa na vijana wa studio, kwenye ukumbi mmoja pale Mwanga, Kigoma mjini. Wengi mmenipigia kusema mvua iliwazuia, na wa kutoka Tabora mkasema treni ililala Kaliua. Nimeyaweka kama yalivyosemwa. Pale nilipoimba mtanivumilia, karatasi haina koo.

Mwakeye!

Asanteni. Tumsifu Yesu Kristo. Bwana asifiwe. Asalaam aleikum. Kuna mtu kule nyuma ameitikia zote tatu kwa sauti moja. Huyo ni mtoto wa Ujiji, wala sina haja ya kuuliza.

Nimepewa dakika arobaini. Mwalimu wa kwaya ukimpa dakika arobaini, ishirini zinaishia kutafuta sauti, kwa hiyo niingie moja kwa moja. Nianze na aibu yangu.

Nilikuwa mwalimu mgeni kazini, shule moja huko Kasulu, wakati ambao mashindano ya kwaya za shule yalikuwa jambo kubwa. Masharti yalisema nyimbo ziwe za Kiswahili. Nami nilikuwa na wimbo mmoja nilioupenda kuliko zote, wimbo wa bibi yangu mzaa mama, mtu wa Manyovu, ambaye lugha yake ilikuwa ya mpakani, nusu Kiha nusu Kirundi. Ni wimbo wa kumbembeleza mtoto. Kiitikio chake ni neno moja linalojirudia: hora. Hora, mwana, hora. Mnaolijua neno hilo naona mmeshaanza kutabasamu.

Nikachukua kamusi, nikachukua kalamu. Hora ni nini kwa Kiswahili? Ni nyamaza. Nikaandika: nyamaza, mtoto, nyamaza. Nikawafundisha watoto sitini. Siku ya mashindano wakapanda jukwaani, sare zimepigwa pasi, wakavuta pumzi, wakafungua vinywa: NYAMAZA! Ukumbi mzima ukaangua kicheko. Watoto wakadhani wanashangiliwa, wakaongeza sauti. Nyamaza! Nyamaza! Jaji mmoja aliandika kwenye karatasi yake kwamba wimbo una ukali usiolingana na sura za waimbaji.

Lakini jaji huyo hakuniumiza. Aliyeniumiza ni bibi. Wiki moja kabla alikuja kunitembelea, akakaa kwenye mkeka nje ya nyumba ya mwalimu, akasikia mazoezi mpaka mwisho. Kisha akaniuliza kwa upole kabisa: "Mjukuu wangu, mnamfukuza nani?"

Nawauliza, nilikosea neno? Kamusi ilinipa haki. Mwalimu yeyote wa lugha angenipa vema. Sasa mbona wimbo ulikufa mikononi mwangu?

Sikilizeni neno lenyewe. Ho-ra. Mizani mbili, yaani silabi mbili. Ya kwanza ni pumzi tupu, mdomo umeviringika, unaweza kuivuta mpaka mtoto apitiwe na usingizi. Nya-ma-za. Mizani tatu. Unaanza kwa kubana ulimi, unamaliza kwa mlio wa mbu. Halafu kuna makazi ya neno. Hora linaishi mgongoni mwa mama, ndani ya kitenge. Nyamaza linaishi darasani, na mara nyingi limeshika fimbo. Nilihamisha maana, nikaacha makazi.

Mnajua pale Kibirizi boti zinavyopakia kwenda Congo na Burundi. Magunia yanaingia, mapipa ya mawese yanaingia, abiria wanaingia, kisha nahodha anatazama maji yamefika wapi ubavuni mwa boti, anasema: shusha. Hakuna anayebishana na nahodha kuhusu kushusha. Ubishi wote uko kwenye swali moja: kishuke nini? Mfasiri wa wimbo ni nahodha huyo. Wimbo mzima hauvuki. Haujawahi kuvuka. Na ninalotaka kusema leo, lote, ni kwamba uamuzi wa kushusha uufanye kwa sikio kabla ya kalamu, na baada ya kuufanya uwe na ujasiri wa kusema ulishusha nini. Mimi nilishusha mgongo wa mama, na sikujua kama nimeushusha.

Nichukue sasa wimbo ambao kila mmoja humu anaujua. Msisimame! Siuimbi, nausema tu. Mungu ibariki Afrika.

Aliyetunga tuni hiyo alikuwa mwalimu na kiongozi wa kwaya, mtu kama sisi. Anaitwa Enoch Sontonga, Mxhosa, alifundisha shule ya Wamethodisti karibu na Johannesburg. Aliutunga mwaka 1897, akaandika nota zake kwa sofa, do re mi hizihizi tunazoandika sisi ubaoni. Alifariki 1905 bila kujua wimbo wake utafika wapi. Mwaka 1912 uliimbwa kwenye mkutano ulioanzisha chama kilichokuja kuitwa ANC. Mshairi Samuel Mqhayi akauongezea beti, zikachapwa 1927. Mwaka 1961 sisi Watanganyika tukaupokea kwa maneno ya Kiswahili, na baadaye Zambia nao wakaichukua tuni hiyohiyo wakaivalisha maneno yao wenyewe.

Mstari wa kwanza umevuka salama, karibu bila kulowa. Nkosi sikelel' iAfrika. Mungu ibariki Afrika. Nkosi ni bwana, ni mkuu. Sisi tukaweka Mungu. Nkosi, mizani mbili, uzito ya kwanza. Mungu, mizani mbili, uzito ya kwanza. Kama kiatu cha kaka mtu kwenye mguu wa mdogo wake. Ni kwa nini? Kwa sababu Kixhosa na Kiswahili ni ndugu, vyote vinaliegemea neno kwenye silabi ya pili kutoka mwisho. Likumbukeni hilo, nitalirudia.

Lakini mstari wa pili! Wangapi wanajua Kixhosa kinasema nini mstari wa pili? Kinasema: maluphakanyisw' uphondo lwayo. Na iinuliwe pembe yake. Pembe ya Afrika. Msomaji wa Biblia atakumbuka wimbo wa Hana, Samweli wa Kwanza, sura ya 2: "Pembe yangu imetukuka katika Bwana." Pembe ni nguvu, ni heshima, kama fahali anayeinua kichwa. Sisi hapo tunaimba nini? Wabariki viongozi wake.

Pembe ilibaki gatini. Na mimi nikikaa hapa Kigoma namwelewa aliyeiacha. Neno pembe kwetu lina historia nyingine. Pembe zilitoka ng'ambo ya ziwa, zikapita Ujiji, zikapita Tabora, zikaenda Bagamoyo mabegani mwa watu. Ukiwaambia wajukuu wa wapagazi waombe pembe ya Afrika iinuliwe, watakwambia iliinuliwa sana hiyo, na babu zetu ndio walioinua.

Mstari wa tatu Kixhosa kinaomba: yasikie maombi yetu. Sisi tunataja hekima, umoja na amani, na tunaziita ngao zetu. Kwa maoni yangu, na mtanisamehe, tulipunguza sala kidogo tukaongeza siasa. Sisemi kwa ubaya. Nchi iliyokuwa inazaliwa mwaka ule ilihitaji ngao kuliko pembe. Ila mtu asikwambie Mungu ibariki Afrika ni tafsiri. Ni mstari mmoja uliofasiriwa, na mingine ni nyumba mpya juu ya msingi uleule.

Sasa tuje kwenye kazi ngumu. Wachungaji wa Kiprotestanti mtanisaidia. Kwenye Tenzi za Rohoni kuna Mwamba wenye imara. Asili yake ni Kiingereza, shairi la kasisi Augustus Toplady, la mwaka 1776. Hebu tuhesabu kwa vidole. Mwa-mba we-nye i-ma-ra. Ngapi? Saba. Kwa-ko ni-ta-ji-fi-cha. Ngapi? Saba tena. Na Kiingereza nacho ni saba kwa saba. Mtu aliyefanya kazi hii alikuwa fundi, namvulia kofia.

Lakini pigeni makofi pamoja nami kwenye mapigo mazito. MWA-mba WE-nye I-ma-RA. Mmesikia? Tena. I-ma-RA. Sokoni nani anasema imaRÁ? Fundi seremala akikuuzia kiti anakwambia kiti hiki i-MA-ra. Na mstari wa pili: ni-ta-JI-fi-CHA. Mtoto anayecheza kombolela hasemi nitajifiCHÁ, anasema nitaji-FI-cha.

Kwa nini imetokea? Kiingereza kimejaa maneno ya silabi moja. Kinaweza kumaliza mstari kwa pigo moja zito, kama nyundo, na tuni ikatengenezwa hivyo, noti ndefu ya mwisho inasubiri pigo hilo. Kiswahili hakina nyundo hiyo. Kiswahili kinaegemea kabla ya mwisho kisha kinashuka taratibu, kama mtu anayekaa kitini. Neno kwa neno, mstari kwa mstari, karne nzima tumekuwa tukikiambia Kiswahili kisimame pale kinapotaka kukaa. Nkosi na Mungu hawakugombana kwa sababu wote wawili wanakaa namna moja.

Dawa ipo? Ipo, tena wazee wetu waliigundua bila kwenda chuo. Nendeni kanisa lolote la kijijini, kaeni nyuma, mabenchi ya kina mama wazee. Hawaimbi i-ma-RA. Wanaivuta MA, wanaikalia, kisha wanaiachia "ra" ndogo mwishoni, kama mkia. Noti ndefu moja wameigawa mbili. Na mwalimu wa kwaya kijana, aliyetoka semina juzi, anawakemea: mnakosea nota! Nani anakosea? Mimi nasema nota ndiyo inayokosea. Tuni ni mgeni, ilikuja kwetu, ikaribishwe kwa kiti kilichopo. Usiogope kugawa noti. Usiogope kuongeza noti nyepesi mwishoni. Na ukikwama kabisa, Kiswahili kina vineno vichache vya silabi moja, kama "tu", vinavyoweza kusimama kwenye pigo la mwisho. Vichache, msivimalize.

Nisimwache Toplady kabla ya jambo moja linalonichekesha kila Pasaka. Mwamba wa Kiingereza una ufa. Umepasuka kwa ajili yangu, anasema, nami niingie nijifiche humo. Kwenye Kiswahili ufa umeshuka, hakukuwa na mizani ya kuubeba. Tumebaki na mwamba wenye imara, haujapasuka popote, na mara tunasema kwako nitajificha. Utajificha wapi? Na mbele kidogo tunaimba maji na damu "yaliyotoka humu". Humu wapi? Ufa ulibaki gatini, lakini "humu" alishapanda boti, sasa anautafuta. Waumini wanauziba ule mwanya wenyewe kwa sababu wanajua habari ya mkuki ubavuni mwa Yesu. Hii ni siri moja ya tafsiri ya nyimbo: msikilizaji anayejua hadithi atakubebea nusu ya mzigo. Asiyeijua, atabaki anaangalia mwamba.

Usiku mtakatifu nao, ule wa Noeli, uliotungwa Austria, maneno ya Joseph Mohr na tuni ya Franz Gruber, ukaimbwa mara ya kwanza 1818. Kijerumani kinaanza na usiku wa kimya, ndipo kinasema mtakatifu. Sisi tuna mtakatifu peke yake. Kimya kiko wapi? Mtakatifu ni mizani tano, alikaa siti mbili. Ila hapo sioni hasara kubwa, maana tuni yenyewe ni ya kimya. Ukiishusha sauti, neno lililoachwa linarudi lenyewe bila kualikwa.

Niwageukie mnaopeleka nyimbo upande wa pili, kutoka Kiswahili kwenda Kiha, au Kinyamwezi kwa ndugu zetu wa Tabora na Urambo. Ninyi mna mtihani ambao Kiswahili hakina. Lugha hizo zina toni. Kiswahili kilishazipoteza toni zake, kwa hiyo mtunzi wa Kiswahili anaipandisha na kuishusha tuni anavyotaka, neno haligeuki. Jaribu hivyo kwenye Kiha uone. Kwa jirani zetu Warundi, ambao Kiha chetu ni ndugu yao wa toka nitoke, kuna inda na kuna inda. Kwenye karatasi ni neno moja. Mdomoni, moja ni tumbo na jingine ni chawa. Sasa chukua tuni ya Kizungu, ipandishe pale neno linapotaka kushuka, umeimba habari za mama mjamzito au za nini?

Na tatizo linazidi kwenye ubeti wa pili. Tuni ya Kizungu ni ileile kwa beti zote. Ubeti wa kwanza umehangaika mpaka toni zikakaa. Ubeti wa pili una maneno mengine, toni nyingine, tuni haijali. Ndiyo maana nyimbo zetu za asili hazikujengwa hivyo. Kiitikio kinatulia, kiongozi anabadilisha njia kila anapobadilisha maneno. Anayeongoza anaifuata lugha. Kwa hiyo ushauri wangu ni mfupi: ukifasiri kwenda Kiha, kiitikio kifunge, beti mwachie kiongozi asiye na karatasi.

Vijana wa studio naona mnaangalia simu. Sasa ni zamu yenu.

Marehemu baba yangu alibeba mizigo hapa bandarini. Hakujua Kilingala, hata kidogo. Lakini kuna wimbo mmoja wa Kilingala alioufahamu wote, majina yote ya wanasiasa waliotajwa ndani, kwa mpangilio: Indépendance Cha Cha. Joseph Kabasele na African Jazz waliutoa Brussels mwanzoni mwa 1960, wakati viongozi wa Congo wako mezani na Wabelgiji wanadai uhuru. Nilimuuliza baba, ulikuwa unaelewa nini? Akasema, "Nilielewa kwamba wameshinda." Nani alimfasiria? Magitaa. Na cha-cha yenyewe si ya Congo, ni ya Cuba. Toka miaka ya 1930 santuri za Kikyuba zilikuwa zikiuzwa Afrika, na watu wakasikia ngoma zao wenyewe zinarudi nyumbani zimevaa Kihispania. Morogoro wakaita bendi yao Cuban Marimba. Tabora kulikuwa na Kiko Kids, Nyanyembe Jazz, Tabora Jazz. Rumba ikakaa Unyamwezini kana kwamba imezaliwa chini ya miembe.

Kwa hiyo kuna wakati maneno yasifasiriwe kabisa. Mwaka 2012 wasanii wenye asili ya mkoa huu walitoa Leka Dutigite. Maneno mawili ya Kiha. Hapa sina haja ya kuyaeleza. Nchi nzima iliimba. Dar es Salaam nzima ilisema leka, na hakuna aliyefungua kamusi. Mngeyaweka kwa Kiswahili, yangebaki na nini?

Lakini, na hapa mweke simu chini kabisa, sikio peke yake nalo linadanganya. Kuna Mzulu aliyeitwa Solomon Linda. Mwaka 1939, yeye na wenzake waliingia studio Johannesburg wakarekodi Mbube. Mbube ni simba. Kiitikio kinasema uyimbube: wewe ni simba. Santuri ikafika Marekani, mwimbaji Pete Seeger akaisikia, akaandika maneno kwa sikio. Hakujua Kizulu. Uyimbube ikawa Wimoweh. Neno lisilo na maana kwa lugha yoyote duniani! Likaimbwa, likauzwa. Mwaka 1961 mtu mwingine akaongezea maneno ya Kiingereza: simba amelala usiku wa leo, msituni. Wa Mpanda mliopo, mnaopakana na Hifadhi ya Katavi, simba anaishi msitu mnene? Na usiku ndiyo saa yake ya kulala? Tazameni safari hiyo. Mzulu alimwambia mtu wewe ni simba. Ulipomaliza kuvuka bahari, simba yuko usingizini na hakuna mtu.

Sikasiriki na Wimoweh kama sauti. Nakasirika na hesabu. Linda alilipwa shilingi chache siku ile studio, akafariki 1962 fukara, huku wimbo unazunguka dunia. Familia yake ilipata makubaliano ya malipo mwaka 2006, baada ya kwenda mahakamani. Miaka arobaini na minne kaburini. Aliyeshushwa gatini hapo hakuwa neno. Alikuwa mwenye wimbo.

Na sisi je, tuna mikono safi? Wangapi humu wamechukua wimbo wa kwaya ya Burundi au Congo, wakauvalisha Kiswahili, wakaupiga picha ufukweni Bangwe, wakaandika chini "umetungwa na" kisha jina lao? Sitaki mnyooshe mikono. Tuna Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki tangu 1999, na sheria hiyo inasema kufasiri ni haki ya mwenye kazi, anayetaka aombe. Wimbo wa bibi yangu hauna wa kumwomba, ni wa ukoo na ni wa kijiji. Hata huo huwa naandika: umetoka Manyovu.

Nimebakiwa na dakika chache, nitaje safari mbili za kinyume, upesi. Mwaka 1958 padre Mbelgiji, Guido Haazen, akiwa Kamina, Katanga, ng'ambo yetu hapo, alifanya Misa Luba na kwaya yake. Maneno aliacha yaleyale ya misa ya Kilatini. Alichofasiri ni muziki: Kyrie ikaimbwa kwa mtindo wa kasala, maombolezo ya Waluba. Bwana utuhurumie, kwa sauti ya watu waliofiwa. Nani angeelewa vizuri zaidi, hata bila kujua maneno?

Ya pili ni Mmarekani Christopher Tin, aliyeichukua Baba Yetu ya Kiswahili mwaka 2005 akaitungia muziki kwa ajili ya mchezo wa kompyuta, na 2011 ikapata Grammy. Kwaya za kila bara zinaiimba. Ni tamu, naipenda. Lakini mle ndani kuna "mbinguni yetu, yetu, amina". Mbinguni yetu? Aliishiwa maneno, mapigo yakabaki, akajaza na "yetu". Nilipoisikia mara ya kwanza nilicheka, kisha nikamkumbuka bibi kwenye mkeka, nikanyamaza.

Turudi kwake. Wimbo ule niliurudia baada ya miaka mingi. Kwanza nilijaribu neno la pwani, howa, ambalo wao humbembelezea mtoto. Zuri sana: mizani mbili, pumzi mwanzoni, lina mgongo wa mama ndani yake. Nikawapa watoto wa Mwandiga. Wakaniuliza, Mwalimu, howa ni nini? Basi nikaiacha hora kama ilivyo, beti nikazifanya Kiswahili. Bibi hakuusikia, alikuwa ameshatangulia.

Ubeti wa pili unanisumbua mpaka leo. Bibi anamwambia mtoto kwamba mama ameenda mtoni. Tuni yake ina nafasi ya mizani tano. Kiswahili kinanipa saba: ma-ma yu-ko m-to-ni. Nikishusha "yuko" napata tano kamili: ma-ma m-to-ni. Mwalimu mwenzangu wa sarufi akaniambia hiyo si sentensi. Nikamwambia, mtoto anayesinzia hajaomba sentensi. Lakini bado sina hakika, maana kwa bibi lilikuwepo neno linaloahidi kwamba anarudi, na hilo sijalipatia siti.

Kwa hiyo nisaidieni, ninyi ni wengi. Sauti ya kwanza na ya pili, simameni. Tatu na nne kaeni mvumishe tu, midomo imefungwa. Tutaimba "mama mtoni" kwanza, kisha tutajaribu na "yuko" kwa kugawa noti ya tatu, mniambie mtoto atalala kwa ipi. Tunaanzia kwenye hora. Mdomo uviringike, pumzi itangulie, wala msipige kelele, kuna mtoto. Mbili, tatu...